Bustani ya Wakati (hadithi fupi)

Bustani ya Wakati, ambayo jina lake la asili ni The Garden of Time, ni hadithi fupi ya mwandishi Mwingereza J. G. Ballard (1930–2009). Ilitolewa mara ya kwanza mwaka 1962 katika jarida la Marekani The Magazine of Fantasy & Science Fiction. Inasimulia habari za maua ya ajabu ambayo yakichumwa hurudisha wakati nyuma.

Muhtasari

Count Axel anaishi na mke wake katika jumba la kifahari lenye maktaba, michoro na bustani iliyozungushiwa ukuta. Count ni cheo cha ukabaila wa Ulaya. Hadithi haitaji nchi wala mwaka. Kila jioni Axel hutembea bustanini huku mke wake akipiga muziki wa Mozart kwenye kinanda cha kale. Siku moja anaona umati mkubwa wa watu wenye nguo zilizochakaa ukitokea upeoni na kulielekea jumba.

Axel anachuma ua. Mara umati unajikuta umerudi nyuma ya upeo wa macho, na jioni inakuwa tulivu tena. Lakini kila siku umati unasogea karibu zaidi na maua yanapungua, mpaka linabaki chipukizi dogo la mwisho. Umati unapofika, unakuta magofu. Kati ya vichaka vya miiba zimesimama sanamu mbili za mawe, mwanamume na mwanamke, na mwanamke ameshika waridi mkononi.

Namna maua yanavyofanya kazi

Maua ya wakati yana mashina yanayofikia kimo cha mtu, yaliyo kama kioo. Katikati ya kila ua pana fuwele, yaani jiwe angavu kama kito. Ua likikatwa, fuwele huyeyuka na nguvu yake hutoka. Uchawi huu unafuata kanuni:

* Ua moja hutumika mara moja tu, kisha hunyauka.
* Ua lililokomaa hurudisha wakati kwa kitambo kirefu, bali chipukizi huleta nafuu ya muda mfupi sana.
* Maua hayausimamishi umati. Huurudisha nyuma, nao huanza safari upya.
* Yaliyochumwa hayapati mengine ya kushika nafasi yake.

Kutokana na kanuni hizo, Axel yuko katika hali ya mtu anayekula mbegu zake mwenyewe. Akingoja ua likomae, umati utamfikia. Akilichuma likiwa changa, atapata nafuu ndogo, na kesho atahitaji jingine mapema zaidi. Ndiyo maana msomaji anafahamu mapema kwamba mwisho hauepukiki. Swali ni namna wawili hao watakavyoutumia muda uliobaki.

Maana

Wasomaji wameielewa hadithi hii kwa njia mbalimbali. Kwa wengine, jumba ni mfano wa sanaa na ustaarabu, na umati ni mfano wa kifo au wa wakati wenyewe, ambao hakuna awezaye kuuzuia. Kwa wengine ni hadithi ya matabaka: wachache wanafurahia uzuri ndani ya ukuta, na walio wengi wako nje. Umati unatazamwa kwa mbali kutoka barazani, bila jina la mtu hata mmoja, wala hatuambiwi wametoka wapi au wanataka nini. Hivyo msomaji anayemhurumia Axel hana budi kujiuliza pia kwa nini hakuwahi kuwatazama watu hao kwa karibu.

Ballard alizaliwa Shanghai, Uchina, akakulia katika makazi ya wageni wenye uwezo. Wakati wa Vita Kuu ya Pili ya Dunia, Wajapani walimfunga pamoja na familia yake katika kambi ya Lunghua tangu mwaka 1943 hadi 1945. Aliyaona kwa macho yake maisha ya anasa yakitoweka kwa muda mfupi.

Mimea na wakati katika kazi nyingine

Wazo la mmea unaoshindana na wakati ni la kale. Katika Utenzi wa Gilgamesh wa Mesopotamia, shujaa anapata chini ya maji mmea wa kurudisha ujana, lakini nyoka anauiba. Ballard mwenyewe aliandika juu ya mimea inayoimba katika hadithi yake Prima Belladonna (1956). Katika riwaya ya The Crystal World (1966), daktari wa ukoma anaingia katika msitu wa Kamerun unaogeuka kuwa fuwele, kwa sababu wakati wenyewe unavuja na kwisha.

Umaarufu wa baadaye

Mwaka 2024 jina la hadithi hii lilitumika kama mwongozo wa mavazi katika Met Gala, hafla ya kuchangisha fedha inayofanyika New York, Marekani. Wachambuzi kadhaa waliona kejeli katika uchaguzi huo: matajiri na watu mashuhuri walijipamba kwa maua ndani ya jumba la makumbusho, wakikumbuka hadithi ambayo maua yake yanakwisha na umati unafika.