Algodoo: Namna ya kubadilisha mandhari ya nyuma, na kwa nini anga nyeusi peke yake haikupeleki mwezini

Kama unatumia Algodoo kwenye chumba cha kompyuta cha shule au cha kituo cha vijana, bila shaka unaijua ile anga ya bluu yenye mawingu inayotokea unapoanza kazi mpya. Wengi wanaiacha hivyo hivyo. Makala hii inakuonyesha jinsi ya kuibadilisha: kwanza rangi, kisha picha yako mwenyewe, na mwisho kilima cha kwenye picha ambacho mpira unaweza kukiteremka.

Kwa wasioifahamu: Algodoo ni mchezo wa kompyuta ambao hauna adui wala pointi za kushinda. Unachora vitu, unabonyeza kitufe cha kuanza, na vitu hivyo vinaanguka, vinabingirika, vinagongana na kuelea kwa kufuata kanuni za fizikia. Ulianza kwa jina la Phun, kazi ya shahada ya uzamili ya Emil Ernerfeldt katika Chuo Kikuu cha Umeå nchini Uswidi, ukatoka mwaka 2008. Mwaka uliofuata ukaja kwa jina la Algodoo. Toleo la kompyuta za Windows na Mac ni la bure, na likishawekwa halihitaji intaneti. Kwa shule ambayo haina maabara, hilo si jambo dogo.

Tahadhari moja kabla hatujaendelea: hakuna Algodoo ya simu za Android. Ukikuta mtandaoni faili linalojiita hivyo, usiliweke kwenye simu yako.

Kuanza na rangi

Unapofungua kazi mpya, Algodoo inakupa mitindo ya rangi uchague. Mtindo mmoja unabadilisha anga pamoja na rangi za vitu utakavyochora. Kuna mitindo ya giza, ya mwanga, na mmoja unaofanana na karatasi ya bluu ya mchoro wa fundi. Kama umeshaanza kazi na hutaki kuirudia, bofya sehemu tupu ya anga kwa kitufe cha kulia cha kipanya, tafuta neno "Appearance", na hapo utapata rangi ya nyuma.

Usichague kwa uzuri tu. Ukiwa unajaribu mwanga, yaani ile kalamu ya leza na vioo, anga nyeupe itaumeza mwale wote, chagua nyeusi. Ukiwa unaonyesha darasa kwa projekta mchana, kwenye chumba chenye madirisha bila mapazia, fanya kinyume: nyuma nyeupe, vitu vyeusi. Nimeona somo zuri likipotea kwa sababu watoto wa nyuma waliona ukuta wa kijivu tu.

Mwezi ambao si mwezi

Sasa jaribu hili. Geuza anga iwe nyeusi, chora ardhi ya kijivu, tundika mpira juu, uachie. Mpira utaanguka kama unavyoanguka uani kwenu. Rangi imebadilika, fizikia haijabadilika.

Hapa ndipo wanafunzi wengi wanapochanganyikiwa, na ni vizuri wachanganyikiwe, kwa sababu ndipo somo lilipo. Mandhari ya nyuma inachorwa kwenye skrini lakini haiingizwi kwenye hesabu. Kompyuta haijui kwamba umekusudia mwezi. Ukitaka mwezi, lazima uuseme kwa namba.

Chini ya skrini kuna vitufe vya mvutano na vya hewa. Fungua cha mvutano, badilisha 9.8 iwe 1.6, ambao ndio mvutano wa mwezi kwa mita kwa sekunde mraba. Halafu zima hewa. Kitu kikiachiwa kutoka mita 5, duniani kinafika chini kwa sekunde 1 hivi. Mwezini kinachukua karibu sekunde 2 na nusu. Waambie wanafunzi wapime kwa saa ya simu. (Kompyuta ikiwa ya zamani na vitu vikiwa vingi, mchezo huenda polepole kuliko saa ya kweli, kwa hiyo acheni kitu kimoja au viwili tu kwenye skrini.)

Kisha chora vitu viwili: boksi pana jepesi sana, na mpira mdogo mzito. Viachie pamoja hewa ikiwa imewashwa, halafu hewa ikiwa imezimwa. Bila hewa vinafika pamoja. Mwaka 1971 mwanaanga David Scott wa Apollo 15 alifanya hivyo hivyo mwezini, kwa nyundo na unyoya, mbele ya kamera. Viligusa ardhi kwa wakati mmoja.

Na swali linalofuata huwa linatoka kwa mtoto, si kwa mwalimu: mbona anga ya mwezi ni nyeusi hata jua likiwaka? Kwa sababu ile ile. Anga yetu ni ya bluu kwa kuwa hewa inatawanya mwanga wa jua, na bluu inatawanywa zaidi ya nyekundu. Mwezi hauna hewa ya kufanya kazi hiyo. Kwa hiyo katika ulimwengu wa kweli, rangi ya anga na kuanguka kwa unyoya vinahusiana. Ni ndani ya mchezo tu ndipo vimetenganishwa, na kazi ya kuviunganisha tena ni yako.

Kuweka picha yako mwenyewe

Algodoo inakubali picha za kawaida za simu, za JPG na PNG. Ila haiziweki kwenye anga yenyewe. Picha inaingia kama boksi lililopakwa picha, nawe unalifanya boksi hilo likae nyuma na lisisumbue.

Anza kwa kusimamisha mchezo kwa kitufe kirefu cha nafasi. Fungua folda yenye picha, iburute mpaka ndani ya dirisha la Algodoo, uiachie. Ikuze hadi ijaze skrini. Halafu ibofye kwa kitufe cha kulia, na ufanye mambo matatu: kwenye "Selection" irudishe nyuma ya vitu vyote, kwenye "Collision layers" ondoa alama zote, na kwenye "Geometry actions" chagua kuigandisha kwa gundi kwenye mandhari ya nyuma.

Usiruke hata moja. Ukisahau gundi, ukibonyeza kuanza picha yako itaporomoka, ipite ndani ya ardhi na kupotea chini. Darasa zima litacheka. Ukisahau kuondoa alama za kugongana, ni mbaya zaidi: kompyuta itaona mpira umekwama ndani ya boksi kubwa na itajaribu kuutoa kwa nguvu, na vitu vyako vitarushwa kila upande kama mahindi yanayokaangwa.

Picha ya simu ya sasa ni kubwa mno kwa kompyuta nyingi tulizo nazo. Njia rahisi ya kuipunguza ni kujitumia kwa WhatsApp kama picha ya kawaida, si kama hati, halafu utumie ile iliyopokelewa. Inakuwa nyepesi, na faida nyingine tutaiona hapo chini.

Kilima cha pichani kinachoshika mpira

Piga picha ya mteremko unaoujua: njia ya kutoka kwenye bomba la maji, au ile sehemu ambapo toroli huwashinda watu mvua ikinyesha. Simama ubavuni mwa mteremko, si mbele yake, na simu iwe sawa, isiinamishwe. Mweke mtu mmoja asimame kwenye njia. Yeye ndiye kipimo chako.

Iweke picha kama tulivyoeleza. Kabla ya kuigandisha, washa mistari ya vipimo na uikuze au uipunguze picha mpaka mtu yule, kama ana urefu wa mita 1.7, awe mita 1.7 kwenye mistari hiyo. Hatua hii inaonekana ya kuchosha, lakini bila hiyo kilima chako kinaweza kuwa cha sentimita 30 au cha mita 300, na kila muda utakaopima utakuwa uongo.

Kilima cha pichani hakitashika mpira. Utapita katikati yake. Kwa hiyo chora ardhi ya kweli juu ya picha, ukifuata mstari wa mteremko. Igandishe nayo kwa gundi, lakini alama zake za kugongana ziache. Kisha fungua "Appearance" yake na upunguze rangi mpaka ipotee kabisa. Macho yanaona njia ya kijijini, kompyuta inaona umbo ulilochora, na mpira unateremka kwenye njia mnayopita kila siku.

Sasa mnaweza kuuliza maswali yenu wenyewe. Chora boksi la kilo 20, ambazo ndizo uzito wa maji ya jerikani ya lita 20, na uliweke kwenye mteremko. Litateleza lini? Fizikia inasema kwamba ikiwa msuguano kati ya boksi na ardhi ni 0.5, litaanza kuteleza mteremko ukipita digrii 27 hivi, na kwamba uzito haubadilishi jibu: jerikani tupu na iliyojaa zinaanza kuteleza kwenye pembe ile ile. Wengi hawaamini hadi wajaribu. Punguza msuguano hadi 0.2, kama udongo uliolowa, na zaidi ya digrii 11 zinatosha.

Picha gani, na ya nani

Mwalimu au kiongozi wa vijana, mwache kila mtoto achague picha yake. Usiwape kazi ya kuleta picha ya nyumbani walikotoka. Yupo atakayeileta kwa furaha, na yupo ambaye hana picha yoyote, au anayo na hataki kuiangalia mbele ya wenzake. Kilima cha hapa karibu kinatosha kwa fizikia.

Jambo la pili ni usalama. Algodoo ina sehemu ya mtandaoni ambapo watumiaji duniani kote wanapakia kazi zao, na faili unalohifadhi linabeba picha ndani yake. Anayelipakua anapata na picha. Kwa hiyo angalia nyuma kabla ya kushiriki: je, inaonekana sura ya mtu ambaye hakukubali? Namba ya nyumba? Kadi ya chakula mkononi mwa mtu? Yule aliyesimama kama kipimo, mwombe ageuke akupe mgongo. Urefu wake haubadiliki.

Simu nyingi pia huandika ndani ya picha mahali ilipopigwa, kama umeruhusu kamera kutumia eneo. Zima ruhusa hiyo kwenye mipangilio ya kamera. Picha iliyopita WhatsApp kwa njia ya kawaida huwa imeondolewa taarifa hiyo, ndiyo faida niliyoahidi. Picha ya skrini nayo haina.

Kama unataka kushiriki kazi bila picha kabisa, hifadhi nakala ya pili, ifute picha kwenye nakala hiyo, na uirudishe rangi ya ardhi uliyoificha. Kilima kitabaki na mpira utateremka vile vile.