Kwa Nini Kituntu Hakuna Mifupa ya Mjusi Mkubwa

Hadithi, hadithi! Najua mtaitikia: hadithi njoo, uongo njoo, utamu kolea. Leo, wajukuu zangu, uongo tumeufungia nje. Utamu peke yake ndio ukolee.

Mmesikia habari za mjusi wa Tendaguru, yule dinosaria aliyesimamishwa katika jumba la makumbusho Berlin, Ujerumani, akiwa na kimo cha zaidi ya mita 13. Mifupa yake ilitoka Tendaguru, Lindi, huku kwetu Tanzania. Sasa mnaniuliza: tukichimba kilima chetu hapa Kituntu, Karagwe, hatutampata ndugu yake? Hatutampata. Na wanaotuambia hivyo ni mawe yenyewe.

Jazeni chupa maji ya mto wakati wa masika, yakiwa mekundu kwa tope, muiache usiku kucha. Asubuhi mtakuta mchanga umekaa chini na tope laini limelala juu yake. Miamba tabaka huanza hivyohivyo. Mto hubeba mchanga na tope; ukifika penye maji yaliyotulia, hutua mzigo. Tabaka jipya hulala juu ya lile la zamani, uzito hukandamiza, chokaa hugandisha chembe, na baada ya muda mrefu tope huwa jiwe. Kiumbe aliyefukiwa humo upesi, kabla hajaliwa wala mifupa yake haijaoza, huweza kubaki humo akiwa kisukuku.

Pale Tendaguru, yapata miaka milioni 150 iliyopita, katika enzi iitwayo Jurasiki, palikuwa pwani. Bahari ilipojivuta nyuma, paliachwa tambarare zenye tope, na mijusi wakubwa wakaja kula na kunywa. Wengine walinasa; wachimbaji walikuta miguu mingine imesimama wima ndani ya tabaka, kama ilivyozama. Kisha bahari ilirudi, ikamwaga mchanga wenye kombe na konokono. Ikaondoka tena, ikarudi tena. Ndiyo maana mwamba wa Tendaguru una matabaka matatu ya mifupa ya dinosaria, na katikati yake matabaka ya mchanga wa bahari. Ukipanda kutoka chini kwenda juu, unapita nchi kavu, bahari, nchi kavu, bahari, nchi kavu.

Mwaka 1906 mhandisi Mjerumani, Bernhard Sattler, aliiona mifupa hiyo juu ya ardhi. Kuanzia 1909 hadi 1913 msafara wa makumbusho ya Berlin ulichimba hapo, mwanzoni ukiongozwa na Werner Janensch na Edwin Hennig, lakini jembe lilikuwa mikononi mwa mamia ya wenyeji. Msimamizi wao mkuu alikuwa Boheti bin Amrani. Zaidi ya tani 200 zilibebwa vichwani na mabegani, mwendo wa siku nne hivi, hadi bandari ya Lindi. Karibu miaka mia baadaye, mwaka 2007, dinosaria mmoja wa Tendaguru alipewa jina la Australodocus bohetii, kumkumbuka Boheti.

Turudi Karagwe. Mawe ya vilima vyetu nayo yalianza kuwa mchanga na tope chini ya maji. Lakini yalitua zaidi ya miaka bilioni moja iliyopita! Wakati huo duniani hapakuwa na mjusi, samaki, wala kiumbe yeyote mwenye mfupa. Viumbe vilikuwa vidogo mno. Mfupa ungefukiwaje kabla haujawahi kuwapo?

Baada ya hapo ardhi ilisukumwa na kukunjwa. Joto na mgandamizo viliyageuza mawe, kama moto unavyoligeuza tofali bichi: mchanga ukawa jiwe gumu la kwatzi, tope likawa jiwe linalobanduka vipande vyembamba. Hiyo ndiyo miamba geu. Mawe ya moto yaliyopenya chini yake yaliacha bati, lile linalochimbwa hadi leo Kyerwa. Jiwe la kwatzi haliliki upesi na mvua, hivyo limebaki mgongo wa kilima, huku mawe laini yakichongwa kuwa mabonde.

Je, dinosaria hawakupita hapa? Huenda walipita. Ila mawe ya enzi yao hayapo Karagwe, na mjusi asiye na tabaka la kumfukia haachi habari.

Basi mkiokota jiwe, liulizeni maswali matatu. Ulitua lini? Ulitua katika maji gani? Umepatwa na nini tangu hapo? Mawe ya Tendaguru yatajibu: juzi tu, ufukweni, na tungali tumelala karibu sawasawa kama tulivyotua. Ya Kituntu yatajibu: sisi tulikuwa wazee wakati mjusi wenu hajazaliwa, na mikunjo yetu mnaiona. Anayetaka mifupa aende Lindi. Anayetaka mawe yanayomzidi mjusi umri zaidi ya mara sita, apande kilima chake mwenyewe.