Milima ya Cherangani na Maji Yake

Chukua ramani ya Kenya, msomaji, utafute mji wa Kitale, kisha upeleke kidole chako upande wa mashariki. Hapo pana milima ya Cherangani, ambayo siku hizi imo katika kaunti tatu: Elgeyo Marakwet, Pokot Magharibi na Trans Nzoia. Vilele vyake vikubwa vimepita futi 11,000, lakini wageni waifikao ni wachache, maana njia ni za mteremko na siku za mvua matope huyashinda magari.

Watu wengi hudhani kwamba kila mlima mrefu wa nchi hii ulitokana na volkano, kama Mlima Kenya na Elgon. Cherangani sivyo. Mawe yake ni ya kale sana, nayo yaliinuliwa ardhi ilipopasuka na kufanya Bonde la Ufa. Ndiyo sababu upande wa magharibi milima hushuka polepole mpaka kwenye mahindi ya Trans Nzoia, bali upande wa mashariki hukatika ghafula kama ukuta, hata Bonde la Kerio lenye joto.

Juu kabisa ni nyasi na vichaka vya baridi. Chini yake ni msitu wa podo na mitarakwa. Maji ya magharibi, pamoja na mto Moiben wenye bwawa linalopeleka maji Eldoret, huingia Nzoia na kwenda Ziwa Victoria. Ya mashariki na kaskazini huingia Kerio na Turkwel, yakaishia Ziwa Turkana.

Chini ya ule ukuta, huko Tot na vijiji jirani, mvua ni haba. Basi Wamarakwet, tangu kabla ya wakoloni, walichimba mifereji kutoka mito kama Embobut na Arror. Waliyapitisha maji ubavuni mwa majabali kwa mawe, matawi na udongo, na penye pengo wakaweka magogo yaliyochongwa ndani. Hapakuwa na saruji wala darubini ya mpima ardhi! Mfereji ni wa ukoo, na zamu za maji huhesabiwa mchana na usiku. Desturi iliwapa wanaume peke yao kazi ya mfereji, ingawa akina mama hufanya kazi nyingi katika shamba linalonyweshwa. Hilo kila mtu alipime mwenyewe.

Msitu wa juu ukifyekwa, mto hupungua wakati wa kiangazi, na mvua zikija huleta tope linaloziba mfereji. Tena kuna hatari kubwa zaidi. Usiku wa kuamkia tarehe 23 Novemba 2019, mvua nzito iliporomosha milima upande wa Pokot Magharibi, wakafa watu zaidi ya 40. Aprili 2020 maafa ya namna hiyo yakafika Chesegon, mpakani mwa Pokot na Marakwet.

Mwenye shamba la mteremko asilime kutoka juu kwenda chini. Akate matuta ya kukingama, apande matete juu yake, na aache miti ukingoni mwa mto. Penye mteremko mkali kabisa pasilimwe, pandwe miti. Na wakati wa mvua, ukiona nyufa mpya juu ya nyumba yako, au miti imeanza kuinama, au chemchemi imegeuka tope ghafula, hamisha watoto na wazee kungali mchana, kisha umwarifu chifu.