Sentimita Tano za Urefu na Bei Yake Mwilini

Mtu mzima harefuki tena. Sehemu laini zilizokuwa zikikuza mifupa yake utotoni zimeshafunga. Hata hivyo wapo watu, wengi wao wanaume, wanaoingia chumba cha upasuaji na miguu mizima ili ivunjwe makusudi, waongezewe sentimita 5 au zaidi.

Njia yenyewe haikubuniwa kwa ajili yao. Gavriil Ilizarov, daktari wa mifupa wa Kurgan, Siberia, aliianzisha miaka ya 1950 akitibu mifupa iliyokataa kuunga na miguu isiyolingana. Mwaka 1968 alimtibu Valery Brumel, bingwa wa Olimpiki wa kuruka juu wa 1964, aliyesagika mguu kwa ajali ya pikipiki.

Daktari hukata mfupa wa muundi, akijitahidi asiharibu utando unaoufunika, kisha hupitisha waya nyembamba zinazoshikwa na pete za chuma nje ya mguu. Siku 5 hadi 7 baadaye kazi inahamia kwa mgonjwa mwenyewe: anashika spana na kuzungusha nati, robo milimita, mara nne kwa siku. Akizidisha kasi, pengo halijai mfupa. Akizembea, linaziba mapema na safari imeishia hapo. Siku hizi kipo pia chuma cha kuwekwa ndani ya mfupa, kinachorefushwa kwa sumaku kutoka nje.

Mfupa kwa kweli ni mtiifu. Wakaidi ni majirani zake: misuli, neva na kano. Kano ya kisigino hukaza hadi mtu akanyagie vidole, na kuilegeza ni mazoezi ya kila siku, yenye maumivu. Matundu ya waya huingia vijidudu. Tena sentimita 5 zikitimia, baada ya siku 50 hivi, mfupa mpya bado ni mchanga. Utahitaji miezi mingine kukomaa.

Kwa mguu uliofupishwa na ajali, naona tabu hiyo ina malipo. Kwa mguu mzima, nina mashaka. China ilipiga marufuku upasuaji huu kwa ajili ya urembo mwaka 2006. Kwingineko, madaktari makini huanza na mazungumzo na mtaalamu wa akili, kwa sababu yapo maradhi ya kujiona na kasoro ambayo wengine hawaioni. Mwenye maradhi hayo akishaongezwa urefu, huenda wasiwasi wake ukahamia kwenye pua.