Fahamu: Wafumaji wa majaliwa ni akina nani?

Baadhi ya hadithi za kubuni zina chama cha siri cha mafundi wanaogeuza wakati na majaliwa ya watu. Wakati mwingine mafundi hao ni wafumaji.

Wazo hili lilitoka wapi?

Wagiriki wa kale walisimulia habari za dada watatu, Moirai. Clotho husokota uzi wa maisha, Lachesis huupima, Atropos huukata. Watu wa kaskazini mwa Ulaya nao walikuwa na Urd, Verdandi na Skuld, wapangaji wa maisha ya binadamu.

Siku hizi linaonekana wapi?

Katika filamu ya Wanted (2008), udugu wa wauaji ulioanzishwa na wafumaji husoma majina ya watakaouawa katika nyuzi za kitambaa. Katika riwaya ya Crewel (2012) ya Gennifer Albin, wasichana wenye kipaji hufuma wakati wenyewe, chini ya amri ya watawala.

Kwa nini lina uzito?

Linauliza anayeshika uzi anawajibika kwa nani. Katika Wanted, kiongozi Sloan anabuni majina kwa faida yake, na wafuasi wanaua bila kuhoji. Mamlaka yasiyohojiwa huharibu hata kusudi jema.