Ukimya wa pori katika filamu ya Makala



Mwaka 2017 Mfaransa Emmanuel Gras alipeleka Cannes filamu yenye jina linalojulikana katika kila jiko letu: Makala. Ilipata tuzo kuu ya Juma la Wahakiki. Inamfuata Kabwita Kasongo, baba wa familia wa kijiji cha Walemba, katika jimbo letu la Lualaba. Anaangusha mti mkubwa, anaufunika kwa udongo na kuuchoma polepole, kisha anasukuma magunia kwa kinga, yaani baiskeli, karibu kilomita 50 hadi Kolwezi. Anatafuta pesa za mabati ya nyumba.

Sisi wa Musumba tuliitazama kwa kompyuta moja, na kilichotugusa kwanza ni ukimya. Hakuna msimulizi. Kamera inakaa muda mrefu na mtu mmoja na mti mmoja. Unasikia upepo na shoka. Mti unapoanguka, moyo unashtuka. Tunapita kando ya pori kila siku, lakini hatukuwa tumelitazama hivyo.

Je, filamu inamshtaki Kabwita? Hapana. Inaonyesha jasho lake, na wanunuzi wanaovutana naye bei. Lualaba inatoa shaba na kobalti kwa dunia, na bwawa la umeme la Nzilo liko karibu na Kolwezi, lakini nyumba nyingi bado zinapika kwa makala. Ninyi wa Goma mnayajua hayo, kwa sababu makala yenu mengi yanatoka Virunga. Anayekata ni mmoja. Tunaopika ni wengi.

Mwishoni Kabwita anaingia kanisani kuomba. Basi mchoma makala ni ndugu anayekaa kwenye benchi letu. Tutamwambia nini? Mwanzo 2:15 inampa mtu kazi mbili katika bustani: kuilima na kuitunza. Ya kwanza tumeihubiri sana, ya pili tumeisahau. Na Marko 1:35 inatuonyesha Yesu akitafuta mahali pasipo watu ili aombe. Pori likiisha, watoto wetu watajifunzia wapi ukimya huo?

Miti mingi ya pori letu huchipuka tena kwenye kisiki, ikiwa moto na shoka vitaiacha miaka kadhaa. Kwa hiyo tunaomba kila parokia itenge kipande cha pori kipumzike, na tumlipe mchoma makala bei ya haki. Anayepunjwa leo atalazimika kukata mti mwingine kesho.

Neema ya Bwana iwe nanyi.