Je, Wajua? Jina Lisipotokea kwenye Orodha ya Usaili

Je, wajua kwamba aliyeomba kazi serikalini akakataliwa anaweza kwenda Mahakama Kuu? Vijana wengi wa Mbagala, Chamazi na Bunju huishia kwenye tangazo la Sekretarieti ya Ajira. Chini ya maelekezo kuna kile kifungu wanachokijua kwa moyo: ambao majina yao hayamo watambue hawakukidhi vigezo, wasisite kuomba tena. Mtu anasoma, anazima data, anarudi kwenye bodaboda yake. Kumbe siku zimeshaanza kuhesabika.

Zinahesabika kweli. Njia hiyo ya kwenda Mahakama Kuu huitwa mapitio ya mahakama, na kanuni zake za 2014 zinakupa miezi 6 tangu uamuzi utolewe, na ndani ya muda huo unaomba kwanza kibali. Ukipewa kibali ndipo unafungua maombi yenyewe. Kwa anayezungushwa njoo kesho, njoo Jumatatu, miezi 6 ni michache mno. Pakua tangazo siku ile ile linapotoka, na upige picha ukurasa wa akaunti yako kwenye Ajira Portal, tarehe ionekane.

Je, wajua kwamba jaji hatakupa ajira? Hasahihishi upya mtihani wa mchujo wala hakuongezei alama. Anachopima ni kama sheria na taratibu zilifuatwa na kama aliyeamua alikuwa na mamlaka. Akikuta kasoro anaweza kuufuta uamuzi. Jambo hilo lina nguvu kuliko watu wanavyodhani: Oktoba 2014 Jaji Isaac Lenaola wa Kenya alifuta usajili wa makurutu 10,000 wa polisi uliofanyika Julai mwaka huo, baada ya mamlaka huru ya kusimamia polisi kulalamikia rushwa na ukiukwaji wa taratibu. Mwaka 2015 Mahakama ya Rufani ikaunga mkono hukumu hiyo.

Je, wajua kwamba Ibara ya 22 ya Katiba yetu inampa kila raia fursa na haki sawa ya kushika nafasi yoyote ya kazi chini ya mamlaka ya nchi?

Na Sheria ya Ajira na Mahusiano Kazini ya 2004, inapokataza ubaguzi, inamlinda hata anayeomba kazi tu. Ujauzito, ulemavu, dini, kabila, VVU: vyote vimetajwa. Sheria ya Watu wenye Ulemavu ya 2010 nayo inamtaka mwajiri mwenye wafanyakazi 20 au zaidi awe na angalau asilimia 3 wenye ulemavu. Inaniuma kuona sharti hili halitajwi vijiweni kwetu, wakati anayelihitaji anakaa mtaa wa pili.

Lakini tuambiane ukweli. Cheti cha kuzaliwa kikisema Mohamedi, cha kidato cha nne Mohamed, na hukuambatisha hati iliyosajiliwa ya kubadili jina, kesi ni ngumu. Aliyeweka slipu ya matokeo badala ya cheti, hali tangazo limeikataa waziwazi, naye vivyo hivyo.

Je, wajua kwamba Sheria ya Haki ya Kupata Taarifa ya 2016 inaipa ofisi ya umma siku zisizozidi 30 kujibu ombi lako la maandishi? Iandikie kabla ya kutafuta wakili. Jibu lolote utakalopata ni kielelezo.

Kwa wa Temeke: Kituo Jumuishi cha mahakama cha pale ni cha mirathi, ndoa na watoto. Usipoteze nauli kupeleka shauri la ajira.

Ukitaka kuidai Serikali fidia kwa kesi ya kawaida, utatanguliza notisi ya siku 90, na Mwanasheria Mkuu lazima aunganishwe.

Je, wajua kwamba tangu 2021 Kiswahili ndicho lugha ya mahakama kwa mujibu wa sheria? Msaada wa kisheria bila malipo nao una sheria yake ya 2017. Kijitonyama, Kinondoni, yapo makao ya Kituo cha Sheria na Haki za Binadamu, kinachotoa msaada huo. Nenda na tangazo, vyeti na ile picha ya akaunti.